Spageti ya dukani na ngano ya Lubero: faida iko wapi?



Ingia butiki yoyote ya soko kuu la Butembo, ama depo yoyote ya Boulevard Nyamwisi kule Beni. Juu ya rafu, kando ya chumvi, sabuni na mafuta, utaona pakiti za spageti na makaroni. Soma maandishi ya nyuma ya pakiti. Utaona imetengenezwa Uturuki, Misri, Italia, ama kwa majirani zetu wa Afrika Mashariki. Ni vigumu kuona pakiti iliyoandikwa Butembo, Beni au Lubero.

Na hapo hapo, kilomita chache kutoka kwenye butiki hiyo, milima ya Lubero inaota ngano tangu wakati wa Wabelgiji. Ndiyo sababu katika mikutano swali moja linarudi kila mara: «Sisi tunalima ngano hapa Lubero, juu ya nini hatuna mashini yetu ya spageti?»

Ni swali zuri, na halitaki jibu la haraka. Koperativa inayonunua mashini bila hesabu inaweza kupoteza hisa za wanachama kwa msimu mmoja. Ile inayokaa bila kufanya kitu nayo inapoteza, kwa sababu kila pakiti inayoingia Kasindi inatoka na dola yetu. Katika makala hii tunaeleza spageti inatoka wapi, inatengenezwa namna gani, na sehemu gani ya biashara hii koperativa ya wakulima inaweza kushika leo.

Kwa nini watu wananunua

Mama mmoja wa sokoni alitujibu kwa maneno machache: «Batoto banapenda, na inaiva mbiyo.» Hiyo ndiyo sababu ya kwanza. Bukari inataka unga, na unga unataka mihogo iliyolowekwa, ikaanikwa na kusagwa. Maharagi yanakula makala saa nzima au zaidi. Spageti inaiva kwa dakika kumi hivi. Kwa familia ya mjini inayonunua makala kwa kopo, tofauti hiyo ni pesa.

Sababu ya pili ni kukaa. Spageti iliyokauka vizuri inaweza kukaa mwaka mmoja na zaidi bila kuharibika, ikiwa mahali pakavu. Haitaki friji. Mwenye butiki hana hofu ya kuinunua kwa wingi, kwa sababu isipouzwa leo itauzwa mwezi kesho. Viazi vyetu, nyanya zetu na mboga zetu havimpi usingizi kama huo.

Sababu ya tatu ni kipimo. Pakiti ni pakiti. Mnunuzi anajua uzito na bei. Lakini hapa tunawaomba mwangalie vizuri: pakiti mbili zenye ukubwa karibu sawa zinaweza kuwa moja ya gramu 500 na nyingine ya gramu 400. Ile inayoonekana bei chini inaweza kuwa ndiyo ghali. Kabla ya kulinganisha bei, soma gramu.

Safari ya pakiti

Mchi wa spageti unaoliwa Butembo umetembea kuliko wengi wetu. Mzigo wa ng'ambo unashuka kwenye bandari ya Mombasa, unapita Nairobi, unavuka Malaba, unafika Kampala, kisha Kasese na Mpondwe, na mwisho Kasindi. Kutoka Mombasa hadi Butembo ni zaidi ya kilomita 1,600. Toka Kasindi hadi Beni ni kilomita 80, na toka Beni hadi Butembo ni 54. Hizo 134 za mwisho, zinazoonekana ndogo kwenye karata, ndizo zinazoumiza zaidi wakati wa mvua na wakati wa hofu.

Kwa nini kitu kinachotoka mbali hivyo kinashinda kwa bei? Kwa sababu ya wingi. Italia inatengeneza zaidi ya tani milioni 3 za pasta kila mwaka na kuuza nje zaidi ya nusu. Uturuki inaifuata kwa kuuza nje, na Afrika ni soko lake kubwa. Viwanda vya Uturuki vinanunua pia ngano ya nje, hasa ya Urusi, vinaisaga, kisha vinauza nje unga na pasta. Nchi hiyo ndiyo inayoongoza duniani kwa kuuza unga wa ngano katika nchi nyingine. Kiwanda kinachofanya kazi usiku na mchana, kwa umeme usiokatika, gharama yake kwa kilo moja ni ndogo sana. Hata ukiongeza meli, kamioni na duane, pakiti inafika kwetu ikiwa bado na nguvu ya kushindana.

Halafu kuna wafanyabiashara wetu wenyewe. Wote tunajua namna wafanyabiashara wa Butembo walivyojenga mji huu: mmoja peke yake hakuweza kujaza kontena, basi waliungana, kila mtu na pesa yake, wakaagiza pamoja kutoka Dubai na China, na kugawana mzigo ukifika. Waliungana kwa kununua. Sisi wakulima mara nyingi bado tunauza mmoja mmoja, kilo tano hapa, debe moja pale, kwa mnunuzi anayekuja na mizani yake. Hapo ndipo tunapopigwa kabla hata ya kuzungumza mashini.

Somo la mwaka 2022

Kongo nzima inavuna ngano kidogo sana, chini ya tani 20,000 kwa mwaka, wakati ile inayoagizwa nje inahesabiwa kwa mamia ya maelfu ya tani. Upande wa magharibi, kinu kikubwa cha MIDEMA cha Matadi kinasaga ngano inayokuja kwa meli. Upande wetu wa mashariki, unga mwingi unapitia Uganda, na Uganda pia pamoja na Kenya wananunua nje sehemu kubwa ya ngano wanayosaga. Kwa hiyo hata unga ulioandikwa «Kampala» mara nyingi ni ngano iliyovuka bahari.

Tarehe 24 Februari 2022 Urusi iliingia vitani nchini Ukraine. Nchi hizo mbili zilikuwa zinauza zaidi ya robo ya ngano yote inayouzwa kati ya nchi na nchi. Mwezi Machi, kipimo cha bei za chakula cha FAO, kilichoanza mwaka 1990, kilipanda juu kuliko wakati wowote. Mwezi Mei, India nayo ikafunga mlango wa kuuza ngano nje. Hakuna mtu wa Butembo aliyeulizwa maoni yake. Lakini mama anayekaanga mandazi barabarani aliona: unga ulipanda, mafuta yakapanda, na andazi likawa dogo.

Tangu hapo bei za dunia zimeshuka, lakini somo limebaki. Chakula kikitegemea meli, vita vya mbali vinaingia ndani ya sufuria yetu. Na vita vya karibu vinaingia pia. Mwaka 2024 mapigano yalifika Kanyabayonga na sehemu za kusini mwa Lubero, barabara ya Goma ikawa ngumu, na wakulima wengi waliacha mashamba. Upande wa Beni, familia zinakimbia na kurudi tangu 2014. Shamba ambalo mwenyewe amekimbia halitoi ngano. Tunalisema mapema, kwa sababu hesabu yoyote isiyoweka usalama ndani yake ni hesabu ya uongo.

Spageti inatengenezwa namna gani

Kwa macho ni kitu rahisi: unga na maji. Lakini unga wenyewe si kila unga.

Spageti nzuri inatoka kwa ngano ngumu, inayoitwa durumu. Mbegu yake ni ngumu kama kokoto na ndani ina rangi ya manjano. Ikisagwa haitoi unga laini. Inatoa chenga ndogo kama za semolina. Italia ina sheria tangu 1967 kwamba spageti kavu inayouzwa ndani ya nchi ile itengenezwe kwa durumu. Ngano tunayolima sana katika nchi zetu ni ya aina nyingine, ngano ya mkate. Unaweza kutengeneza spageti nayo, na viwanda vingi vya bei ya chini vinafanya hivyo au vinachanganya. Lakini inavunjika zaidi ikikauka, na ikipikwa sana inanata na maji yanakuwa mazito kama uji.

Kiwandani, chenga zinachanganywa na maji, kama kilo 30 za maji kwa kilo 100. Donge linasukumwa kwa nguvu kubwa kupitia sahani ya chuma yenye matundu. Tundu la mviringo linatoa spageti, lenye sindano katikati linatoa makaroni. Hadi hapa mashini ndogo inaweza kufanya kazi.

Tatizo ni kukausha. Inapotoka kwenye matundu, spageti ina maji karibu sehemu 30 kwa 100. Lazima ishuke hadi 12 na nusu, la sivyo itaota ukungu ndani ya pakiti. Ukiikausha mbio sana, nje inakaza wakati ndani bado mbichi, na siku chache baadaye inapasuka vipande vipande. Ukiikausha polepole sana, inachacha. Viwanda vina vyumba vya joto linalopimwa pamoja na unyevu wa hewa, saa nyingi mfululizo bila kukatika. Kuianika juani Butembo, ambako asubuhi kuna ukungu na mchana kuna mvua, ni kucheza bahati nasibu.

Kwa hiyo mtu akija kuwauzia mashini ya spageti, swali la kwanza si «inatoa kilo ngapi kwa saa?» Swali la kwanza ni: «Chumba cha kukausha kiko wapi, na umeme wake utatoka wapi?»

Tufanye hesabu pamoja

Mali bila daftari hupotea bila habari. Chukueni kalamu. Bei tunazoandika hapa ni za mfano tu. Kila koperativa iweke bei za soko lake.

Tuseme koperativa inanunua kilo 100 za ngano kwa wanachama kwa dola 50. Kusaga dola 5. Kusafirisha dola 6. Mifuko dola 3. Hasara ndogo ndogo dola 2. Jumla ni dola 66. Ngano hiyo inatoa kilo 72 za unga mweupe na kilo 25 za pumba. Zinazobaki zinapotea kwa takataka na vumbi. Pumba zikiuzwa kwa wafugaji wa nguruwe, kuku na sungura zinarudisha dola 3. Inabaki gharama ya dola 63 kwa kilo 72, yaani karibu senti 88 kwa kilo. Kama unga wa nje unauzwa jumla dola 1 kwa kilo, na sisi tukauza vivyo hivyo, tunapata dola 72. Faida ni dola 9.

Sasa mvua inanyesha, barabara inakatika, na kusafirisha kunapanda toka dola 6 hadi 15. Faida imekwisha yote. Hakuna aliyeiba; barabara imekula.

Tuendelee hadi spageti. Kilo 72 za unga zinatoa karibu kilo 70 za spageti kavu. Kwa ngano ya mkate, tuseme kilo 5 zinavunjika. Inabaki kilo 65, yaani pakiti 130 za gramu 500. Ongezeni gharama: wafanyakazi dola 8, umeme au mafuta ya kukausha dola 10, pakiti zenye maandishi dola 7, kulipa deni la mashini dola 10. Ni dola 35 juu ya zile 63, jumla 98. Pakiti moja imetugharimu karibu senti 75. Kama pakiti ya Uturuki iko depo kwa senti 70, tutauza 130 kwa dola 91. Tumefanya kazi zaidi, tumekopa zaidi, na tumepoteza dola 7 kwa kila gunia la ngano.

Katika mfano huu, unga unalipa na spageti inakula mtaji. Kwenu inaweza kuwa tofauti. Lakini ikiwa komite haiwezi kuandika mistari hii kwa bei za kweli, haijawa tayari kununua mashini.

Wenzetu wa Ethiopia walianzia wapi

Kuna nchi ya Afrika ambako koperativa za wakulima zimeingia kweli katika biashara ya pasta. Ni Ethiopia. Waitalia waliokuwa huko miaka ya 1936 hadi 1941 waliacha desturi ya kula pasta na viwanda vya kwanza. Lakini viwanda hivyo, miaka mingi baadaye, vilikuwa vinahangaika kupata durumu nzuri, wakati wakulima wa nyanda za juu walikuwa wanalima ngano ya kila aina na kuichanganya.

Katika eneo la Bale, jimbo la Oromia, mradi uliosaidiwa na serikali ya Italia ulianza kazi na wakulima. Haukuanza kwa kuwapa wakulima mashini ya spageti. Ulianza na mbegu: aina za durumu zinazofaa milima ile. Kisha kupanda aina moja katika eneo moja ili isichanganyike. Kisha ghala na kupima ubora. Mwisho, mikataba kati ya muungano wa koperativa na viwanda vya pasta, ambamo ngano nzuri inalipwa zaidi ya ngano ya kawaida. Mkulima alibaki mkulima, kiwanda kikabaki kiwanda, na katikati koperativa ikawa na kitu cha kuuza ambacho kiwanda kinakihitaji.

Hatusemi Lubero ni Bale. Kule kuna mashamba mapana na viwanda vingi. Hapa kwetu mteremko ni mkali na shamba ni dogo. Tunachochukua ni mpangilio wa kazi: mbegu, usafi, ghala, mkataba. Mashini inakuja nyuma.

Ngazi tunayoweza kupanda

*Hatua ya kwanza: ngano safi ya aina moja.* Mwenye kinu hataki gunia lenye mbegu tatu na mawe. Kikundi cha wakulima wa kilima kimoja wakubaliane aina moja ya mbegu. INERA iko na kituo Ndihira, na Butembo kuna walimu wa kilimo wa Université Catholique du Graben pamoja na ITAV. Waulizeni aina zinazovumilia kutu. Kutu ya shina ni adui wa kweli: aina kali inayoitwa Ug99 ilionekana mara ya kwanza hapo jirani Uganda mwaka 1998, na imetembea hadi Asia. Ukiona unga wa rangi ya kahawia nyekundu juu ya mashina, pigia kelele kikundi chote, usingoje mavuno.

*Hatua ya pili: kukausha na kutunza.* Ngano ya ghala isizidi maji 13 kwa 100. Kama hamna mashini ya kupima, tumieni chupa na chumvi. Chukua chupa ya kioo iliyokauka, weka konzi ya ngano na kijiko cha chumvi iliyokauka, funga, tikisa dakika chache, kisha iache itulie. Chumvi ikinata kwenye kioo, ngano bado mbichi; irudishe juani. Isiponata, inaweza kuingia gunia. Anika juu ya baashi, si juu ya udongo: mchanga ukiingia kwenye unga mara moja tu, mteja hatarudi.

*Hatua ya tatu: kuuza pamoja.* Hapa ndipo tunafanya kama wafanyabiashara wa kontena. Koperativa inapima kila gunia kwa mizani yake, inampa mwanachama karatasi, inaweka ghalani, na inauza mzigo mmoja kwa mnunuzi mmoja. Koperativa za Butembo zinajua kazi hii kwa mahindi, maharagi na mchele. Kwa ngano si tofauti. Ugumu ni mwanachama mwenye shida ya shule ama hospitali anayetaka pesa leo. Koperativa isiyo na kiasi kidogo cha kumlipa sehemu mbele itamwona akiuza usiku kwa mchuuzi. Wekeni mfuko huo kabla ya mavuno.

*Hatua ya nne: unga kwa wateja wa karibu.* Andazi halihitaji durumu. Ngano ya mkate ndiyo yake. Wakaanga mandazi, wachoma mikate na wanaotengeneza unga wa uji wa masoso ni wateja walio mlangoni petu, na hawahitaji pakiti ya kupendeza wala chumba cha kukausha. Anzeni na wakaangaji kumi. Wapeni kilo mbili za majaribio, waulize wameona nini. Unga wetu wa kinu kidogo mara nyingi una pumba kidogo ndani na unakunywa maji zaidi. Mtu akifundishwa kuongeza maji, andazi linakuwa zuri. Asipofundishwa atasema «unga wenu mubaya», na habari itasambaa soko lote.

*Hatua ya tano: Beni na Lubero kusaidiana.* Beni haina baridi ya kutosha kwa ngano, lakini ina mihogo na mchele. Unga mzuri wa mihogo, uliokaushwa siku ile ile bila kulowekwa, unaweza kuingia kwenye unga wa mkate sehemu 10 kwa 100 bila mlaji kutambua sana. Nigeria ilijaribu jambo hili kwa nchi nzima kuanzia 2012, na ilionekana kwamba kikwazo hakikuwa ladha bali kupata unga wa mihogo wa ubora ule ule kila wiki. Koperativa ya Beni na koperativa ya Lubero zikiandikiana mkataba mdogo, kila mmoja anaongeza soko la mwenzake.

*Hatua ya sita: tambi mbichi.* Kama bado mna hamu ya kutengeneza kitu kinachofanana na spageti, anzeni na ile isiyokaushwa. Mashini ya mkono ya kukata tambi ni bei ndogo. Tambi mbichi zinauzwa siku ile ile kwa restora, kwa harusi, kwa shule yenye kantini. Hapo hakuna deni la kukausha, na pakiti ya Uturuki haiwezi kuwa mbichi. Soko ni dogo, lakini mtajifunza kukanda donge, usafi na mteja bila kuhatarisha hisa za watu. Kwa chochote kinachofungwa na kuuzwa kama chakula, pitieni OCC mapema, msingoje kukamatwa.

Lini mashini ya spageti itakuwa sawa?

Hatusemi kamwe. Upande wa Beni watu waliambiwa pia kwamba kakao ni ya kusafirisha tu. Leo kuna kiwanda cha chokoleti kinachotumia kakao ya hapa na umeme wa maji ya Virunga. Kilichowezesha ni vitu vitatu pamoja: malighafi nyingi ya ubora mmoja, umeme wa bei nafuu, na mteja aliyekubali bei kabla. Kwa spageti tungetaka kuona vitu hivyo hivyo, na cha nne: barabara inayopitika miezi kumi na miwili.

Kuna pia jambo la mipaka. Kongo ilitia sahihi mkataba wa kuingia Jumuiya ya Afrika Mashariki tarehe 8 Aprili 2022 na ikawa mwanachama kamili Julai mwaka ule. Katika jumuiya hiyo, bidhaa za nje zinaweza kutozwa asilimia 35, wakati bidhaa zilizotengenezwa ndani yake zinapita bila ushuru huo. Kongo ikiingia kikamilifu katika forodha moja, pakiti ya Uturuki inaweza kupanda bei, lakini pakiti ya Kampala au ya Nairobi itapita Kasindi kwa urahisi. Mshindani wetu atakuwa jirani mwenye kiwanda kikubwa. Jirani huyo huyo anaweza kuwa mnunuzi wa ngano yetu, kama ni safi na ni nyingi. Kwa njia zote mbili, koperativa yenye ghala lililopangwa ndiyo itakayoitwa mezani.

Maswali ya mkutano ujao

Tunaomba kila komite isome makala hii kwa sauti mbele ya wanachama, kwa Kinande pale inapofaa, na kujibu maswali haya kwenye daftari:

1. Wanachama wetu wangapi wanalima ngano, na msimu uliopita tulivuna kilo ngapi kwa jumla?
2. Tulimuuzia nani, na kwa mizani ya nani?
3. Gunia moja toka shambani hadi sokoni linakula franga ngapi wakati wa kiangazi, na ngapi wakati wa mvua?
4. Wakaangaji wa mandazi wa soko letu wananunua unga kilo ngapi kwa wiki, na kwa bei gani?
5. Barabara ikifungwa mwezi mmoja, ghala letu linaweza kutunza mzigo bila kuoza?
6. Kama mtu ametuletea pendekezo la mashini, ameandika gharama ya kukausha?

Swali la tano msilipite mbio. Wengi wetu tumekimbia angalau mara moja na kuacha mavuno nyuma. Panga mapema nani anashika daftari, nani anashika ufunguo, na nakala ya orodha ya magunia ibaki kwa mtu wa pili katika mji mwingine. Mwanachama aliyekimbilia Beni au Oicha akiwa na karatasi yake mkononi bado ana mali. Asiye na karatasi amepoteza mara mbili.

Pakiti ya spageti itaendelea kukaa juu ya rafu ya butiki, na hakuna aibu kuinunua siku makala yamekwisha na watoto wana njaa. Lakini andazi la asubuhi, lile ambalo nusu ya mji inalila na chai, linaweza kuwa la ngano ya Lubero kuanzia msimu huu unaokuja. Tulishike hilo kwanza.